"By": kineno cha herufi mbili na mitego ya "kwa", "na" na "mpaka"

Tuanze na sentensi hii: "The letter was written by hand by the clerk by the window by noon." Kisarufi haina kosa, ingawa hakuna Mwingereza mwenye sikio zuri atakayeiandika. Imebeba "by" nne. Ukitaka kuileta kwenye Kiswahili huna ujanja, utatafuta maneno manne: barua iliandikwa kwa mkono, na karani, kando ya dirisha, na kufikia saa sita mchana ilikuwa tayari.

Kamusi nyingi ndogo zitakupa "kwa" na "na", kisha zikuache hapo. Lakini makosa tunayofanya kwenye "by" mara nyingi hayatoki kwenye Kiingereza. Yanatoka kwetu. "Kwa", "na" na "mpaka" nayo yana kazi lukuki, na mipaka ya kazi zake hailingani na ya "by".

Maana ya asili ni kando. Kiingereza cha kale kilikuwa na "bi" au "be", ndugu wa "bei" ya Kijerumani, kwa maana ya ubavuni au karibu kabisa. Maana hiyo ingali hai: "a house by the lake" ni nyumba ambayo ukifungua dirisha unaona maji. "Near the lake" inaweza kuwa mwendo wa nusu saa. Dalali akiandika "by the road" na kiwanja kiko mita 400 ndani, amekudanganya. Angeandika "near the road" usingekuwa na pa kumshikia.

Kutoka kando ikazaliwa maana ya kitu cha pembeni, kisicho kikuu: "by-product", "bystander", "by-election", ambayo sisi tunaiita uchaguzi mdogo. Baipasi za Nairobi nazo ni ukoo huohuo, barabara inayopita kando ya mji. "By-law" inafanana nazo lakini damu yake ni nyingine. Inatokana na lugha ya Waskandinavia waliohamia Uingereza, na "by" kwao ilikuwa kijiji, ileile iliyobaki mkiani mwa majina kama Whitby na Grimsby. Kwa hiyo mwanzoni ilikuwa sheria ya kijiji. Tafsiri yetu ya "sheria ndogo" haikufuata asili hiyo, ila kwa bahati imeangukia palepale.

Sasa tuje kwenye mtenda, ambako "na" yetu inatuponza. "Nilitumwa na mama" ni "by my mother". "Nilikwenda na mama" ni "with my mother". Neno ni lilelile, ila Kiingereza kinalitenga. Kipimo rahisi ni kutazama kitenzi: kikiwa katika hali ya kutendwa, chenye -wa mwishoni, "na" yake kwa kawaida ni "by". Kisipokuwa hivyo, jaribu "with". Vitenzi vya -ka havimo kabisa. "Kikombe kimevunjika" hakina mtenda, basi usikitafutie "by".

Kipimo hicho kina mashimo mawili. La kwanza ni "kuzaliwa": aliyezaliwa na Asha ni "born to Asha". La pili ni kubwa zaidi, "kuolewa". Ukiandika "She was married by Juma" ukikusudia kwamba Juma ndiye mume, msomaji wa Kiingereza ataelewa kwamba Juma ni kadhi, padri au mkuu wa wilaya aliyewafungisha ndoa. Mume ni "married to Juma", au kwa ufupi "She married Juma". Kosa hili huonekana hata kwenye barua rasmi na maombi ya viza, mahali ambapo kumgeuza mume kuwa mfungishaji ndoa si mzaha.

Kifaa nacho kina mahali pake. Chombo kilichoshikwa mkononi ni "with", na kilichotenda chenyewe ni "by". Linganisha "He was killed with a brick" na "He was killed by a brick". Ya kwanza ni mauaji, kuna mtu aliyeshika tofali. Ya pili huenda tofali lilidondoka tu kutoka juu ya jengo. Kiswahili kinaiona tofauti hiyohiyo: ameuawa kwa tofali, ameuawa na tofali. Ndiyo maana mafuriko, radi na moto hupewa "by". Hakuna aliyezishika.

Zamani Kiingereza kilitumia pia neno jingine kwa mtenda. Biblia ya Kiingereza ya 1611, kwenye Mathayo 4:1, inasema Yesu alikwenda nyikani "to be tempted of the devil". "Of", si "by". Leo "of" ya namna hiyo inasikika ya kikanisa na ya zamani, na "by" ndiyo imekaa kwenye kiti.

"Kwa" ina mitego mingi kuliko "na". Kueleza njia ya kufanya jambo, "by" hufuatwa na kitenzi chenye -ing: "Start the generator by pulling the cord." Usiseme "by pull", wala "by to pull". Shida ni kwamba "kwa ku-" yetu inaeleza njia na pia sababu. Aliadhibiwa kwa kuchelewa. Nakushukuru kwa kunisaidia. Hapo mwanafunzi huandika "punished by coming late" na "thank you by helping me", na zote mbili si sahihi, ni "for". Jiulize swali moja. Kama "kwa" inajibu "vipi?", andika "by". Kama inajibu "kwa nini?", andika "for". Na bei pia si "by": nimenunua kwa elfu mbili ni "for 2,000".

Vipimo vya kuuzia, hata hivyo, ni "by", na hapo "the" haikwepeki: mahindi huuzwa "by the sack", nyanya "by the bucket", kibarua hulipwa "by the day". Ukitaja aina ya kipimo badala ya kipimo chenyewe, "the" inaondoka: "by weight", "by volume". Hiyo ya mwisho ndiyo iliyoandikwa kwenye chupa ya bia. Ikisema asilimia 5 "by volume", maana yake kila mililita 100 zina mililita 5 za pombe, kwa hiyo chupa ya mililita 500 ina mililita 25.

Usafiri unakwenda kinyume chake. "By bus", "by train", "by boat", bila "the" wala "my". Ukishalitaja gari lenyewe, "by" huondoka: "in my brother's car", "on the eight o'clock bus". Na kwa miguu ni "on foot".

Kwenye tarehe, kosa la "by" linaweza kugharimu kazi au zabuni. "Mpaka" na "hadi" kwetu hufanya kazi mbili. Una mpaka Ijumaa kurudisha fomu. Ofisi iko wazi mpaka Ijumaa. Ya kwanza ni "by", ya pili ni "until". Kitendo kinachofanyika mara moja na kwisha, kama kulipa, kuwasilisha au kufika, huchukua "by". Hali inayoendelea, kama kungoja, kulala au kuwa wazi, huchukua "until". Ukimwandikia mteja "Pay until Friday", umemwambia aendelee kulipa kila siku mpaka Ijumaa. Angefurahi nani?

Kwenye ukanushi tofauti inakuwa kali zaidi. "The office will not open until Friday" ina maana kwamba Ijumaa itafunguliwa. "The office will not open by Friday" ina maana kwamba Ijumaa itafika na mlango bado umefungwa, na siku ya kufunguliwa hujaambiwa.

Je, Ijumaa yenyewe imo? Kwa matumizi ya kawaida, "by Friday" inaihesabu na Ijumaa, ilhali "before Friday" inaiacha nje, mwisho wako ni Alhamisi. Lakini kwenye mkataba usiliachie neno moja mzigo huo. Andika "on or before Friday 14 March", kisha weka saa. Na saa nayo ina lake kwetu: "by 5 pm" ni saa kumi na moja jioni, na wapo wanaoisoma haraka wakaona saa tano. Kwa maombi ya mtandaoni ya nje, tazama majira. Mwisho wa 23:59 GMT ni saa 8:59 usiku wa kuamkia kesho yake kwa saa zetu za Afrika Mashariki. Hizo saa tatu za ziada zimewaokoa wengi, ingawa si vizuri kuzipangia bajeti.

"By" ya wakati hupenda pia kuandamana na jambo lililokwisha kutimia. "By the end of 1963, Tanganyika, Uganda, Zanzibar and Kenya had become independent." Kufikia mwisho wa mwaka huo, nchi zote nne zilikuwa zimepata uhuru: Tanganyika Desemba 1961, Uganda Oktoba 1962, Zanzibar na Kenya Desemba 1963. Ukiweka "in 1963" umeziingiza zote kwenye mwaka mmoja, na historia imeharibika. Kwa mambo yajayo: "By the time you arrive, the bus will have left." Wengi huandika "by the time you will arrive", na sababu inajulikana. "Utakapofika" yetu ina -taka- ndani yake, basi mkono unaona lazima wakati ujao uandikwe. Kiingereza hakiuruhusu hapo. Upande wa pili ndio wenye "will".

Tuje kwenye namba. "By" hupima pengo, "to" hutaja mwisho wa safari. Sukari iliyokuwa shilingi 3,000 ikifika 3,600, imepanda "by 600", au "by 20 percent", na imepanda "to 3,600". Ukiandika "by 3,600" umeipeleka 6,600. Kwenye punguzo la bei, shati la 50,000 likiwa "reduced by 80 percent" unalipa 10,000. Likiwa "reduced to 80 percent" unalipa 40,000. Riba ina mtego wa juu zaidi. Ikipanda kutoka asilimia 10 hadi 12, ni kweli kwamba imepanda "by 2 percentage points", na ni kweli pia kwamba imepanda "by 20 percent". Zote mbili zinasema jambo moja: kwenye mkopo wa milioni moja, riba ya mwaka imetoka 100,000 ikawa 120,000. Anayekutangazia huchagua ile inayompendeza.

Kwenye vipimo vya pande mbili "by" yao ni "kwa" yetu moja kwa moja, na sote tunaijua kwenye kitanda cha tano kwa sita na mbao za mbili kwa nne. Kenya, kiwanja cha "fifty by hundred" kimekuwa kama jina la kabila. Watu hukiita pia "eighth", yaani thumni ya ekari, lakini piga hesabu. Futi 50 kwa 100 ni futi za mraba 5,000, ilhali thumni ya ekari kamili ni 5,445. Zimepungua 445, ukubwa wa chumba na sebule.

Angalia tu usiizidishe "by" ya magari. "Four by four" si kumi na sita. Namba ya kwanza ni magurudumu yote, ya pili ni yale yanayosukumwa na injini. Kwa hiyo gari la 4 kwa 2 lina magurudumu manne na mawili tu ndiyo yanayovuta, na lori la 6 kwa 4 lina sita, manne yakiwa na nguvu. Magurudumu pacha ya nyuma huhesabiwa kama moja.

Kuna "by" nyingine ambazo Kiswahili huzimaliza kwa kurudiarudia neno tu: "little by little" ni kidogo kidogo, "one by one" ni mmoja mmoja. "By myself" ni peke yangu. Kukariri ni "by heart". Kwa bahati mbaya ni "by accident", lakini kwa makusudi ni "on purpose", kamwe si "by purpose". Na zile zinazoshikamana na vitenzi ni za kujifunza mojamoja: "get by" ni kusukuma siku, "put by" ni kuweka akiba, "come by" ni kupata kitu, hasa kinachosumbua kupatikana. "Stand by" ina sura mbili, kukaa tayari na kusimama upande wa mtu. Ni kando ileile ya mwanzo.

Imebaki "by and by". Kwenye Biblia ileile ya 1611, Marko 6:25, binti anataka kichwa cha Yohana Mbatizaji "by and by", na hakuwa na subira hata kidogo: maana yake ilikuwa sasa hivi, papo hapo. Leo "by and by" ni baadaye, huko mbele, siku moja. Watu walilitumia sana kuahidi mambo ambayo hawakuyafanya, maana ikachelewa pamoja nao. Ukitaka kuona jambo hilohilo likitokea kwa Kiswahili, mpigie fundi akwambie "nakuja sasa hivi".