Siku moja kwenye chelezo: kupaka rangi tumbo la kivuko

Saa 1 asubuhi. Nafika yadi, jirani na bandari ya Mwanza Kusini. Kivuko kiko juu ya chelezo, mahali vyombo hupandishwa kutoka majini kutengenezwa, tumbo wazi. Kabla ya yote napima unyevu wa hewa na joto la chuma. Leo umande unaanza kujikusanya kwenye nyuzi 18, na bamba lina nyuzi 19. Bado. Chuma lazima kizidi kiwango cha umande kwa nyuzi 3, la sivyo unapaka juu ya maji usiyoyaona. Tunaosha mafuta na matope huku tukingoja jua.

Saa 3. Bamba limefika nyuzi 24, kompresa inawaka, tunapiga kutu kwa chembe ngumu zinazorushwa na hewa. Mchanga wa ufukweni siuruhusu hata ukiwa wa bure: vumbi lake lina silika, linatia makovu kwenye mapafu, na makovu hayo hayaponi. Tunatumia ganeti, chembe za jiwe gumu, na mpigaji anavaa kofia inayoletewa hewa safi kwa mpira.

Kijana mgeni kaniuliza, "Fundi, si kutu imeshatoka? Tupake."

"Mdogo wangu, pitisha kidole kwanza."

Chuma kinatakiwa kikwaruze, kiwe na vijibonde vya mikroni 50 hadi 75 (mikroni ni sehemu ya elfu ya milimita). Kikiwa laini, rangi haina pa kushika.

Saa 6. Kupuliza vumbi, ugali na dagaa kwa zamu. Chuma kitupu kando ya ziwa huanza kushika kutu ndani ya saa chache, kwa hiyo kilichopigwa leo kinapata praima, rangi ya kwanza, leo leo.

Saa 7. Praima yetu ni epoksi: rangi vipimo 4, hadina (kigumishi chake) 1, kama kopo linavyoelekeza. Hakuna kukadiria kwa macho: hadina ikipungua rangi haikomai. Tunachanganya kidogo kidogo, maana joto la mchana huigandisha ndooni.

Brashi inatangulia kwenye mishono ya welding, kingo na vichwa vya bolti. Rangi ikipulizwa huzikimbia kingo, na kutu huanzia hapo. Watu husifia ubavu unaong'aa. Mimi naziangalia kingo.

Saa 9. Tunapuliza. Tunataka mikroni 150 ikikauka, na kwa rangi hii yenye yabisi (kinachobaki ikikauka) asilimia 80, kitana cha kupimia kisome karibu 190 ikiwa mbichi.

Saa 11 jioni. Naandika vipimo vyote daftarini. Koti la pili ni kesho. Likipitiliza muda wake, praima inakuwa ngumu mno na itabidi tuisugue msasa upya. Bosi anataka kivuko majini keshokutwa, abiria wanalalamika. Nimemweleza kwamba rangi kutonata kidoleni hakumaanishi imeiva, epoksi hii inahitaji kama siku 7. Amekubali tungoje.