Uzoefu wangu wa kusubu shaba ya alumini kwa pampu za maji ya bahari

Pampu inayovuta maji ya bahari huila shaba ya njano kwa namna ambayo mtu asiyeizoea hawezi kuigundua mapema. Impela, yaani gurudumu lenye mapanga linalosukuma maji, hubaki na umbo lake na hata vipimo vyake, lakini zinki iliyomo hutoka kidogo kidogo na kuacha shaba tupu yenye vitundu, nyekundu, laini kiasi cha kukwanguliwa kwa kisu, mpaka siku moja panga linakatika na pampu inasimama. Katika karakana ninakofanyia kazi hapa Mombasa tulikuwa tukiletewa impela na bushi (bomba fupi ambamo ekseli huzunguka) za aina hiyo mara kwa mara, kutoka kwa wenye boti na wenye vyumba vya baridi vya samaki, nasi tulizisubu upya kwa shaba ile ile huku tukijua kwamba zitarudi. Mteja mmoja alipotuuliza kama hakuna madini yanayovumilia chumvi kuliko haya, nilimjibu kwamba yapo, na kwamba propela za meli kubwa anazoziona zikiingia bandari ya Kilindini kwa kawaida husubiwa kwa shaba ya alumini yenye nikeli. Baada ya kumjibu hivyo ilinibidi nijue kama sisi tunaweza kuisubu.

Nilianza na mapishi yenyewe. Shaba ya alumini iliyo rahisi kuliko zote ina shaba asilimia 89, alumini asilimia 10 na chuma asilimia 1, na kwa bei ingetufaa sana. Niliiacha kwa sababu ya tabia yake ya kupoa. Kipande kinene kikipoa polepole ndani ya mchanga, chini ya nyuzi 565 za Selsiasi sehemu ya muundo wake wa ndani huvunjika na kutoa chembe ngumu zilizojaa alumini, na chembe hizo hukifanya kitu kiwe chepesi kukatika na kuliwa na maji ya chumvi, jambo ambalo ndilo hasa tulilokuwa tukilikimbia. Nikeli na chuma vikiongezwa kwa kiasi cha kutosha huizuia hali hiyo. Kwa hiyo nililenga alumini asilimia 9, nikeli asilimia 4.5, chuma asilimia 4 na manganizi asilimia 1, iliyobaki ikiwa shaba. Mchanganyiko huo umo ndani ya mipaka ya gredi inayoitwa C95800 katika viwango vya Marekani. Mambo mawili niliyazingatia bila kuyalegeza: nikeli iwe nyingi kuliko chuma, na asilimia ya alumini isizidi 8.2 jumlisha nusu ya asilimia ya nikeli. Kwa nikeli ya 4.5 mpaka huo ni 10.45, na mimi nilikuwa mbali nao kwa makusudi, kwa sababu karakana ndogo haiwezi kupima madini kila baada ya dakika kumi.

Nikeli ndiyo iliyonipa kazi. Kuinunua ikiwa safi kungeifanya bushi moja iwe ghali kuliko pampu. Suluhisho lilikuwa kwenye mabomba ya vipozea joto vya meli, ambayo hutengenezwa kwa shaba yenye nikeli, mengine asilimia 10 na mengine asilimia 30. Yale ya asilimia 30 huonekana meupe karibu kama fedha yakisuguliwa kwa tupa, na faida yake kubwa ni kwamba nikeli imo ndani ya shaba tayari, haihitaji kuyeyushwa peke yake kwenye joto ambalo tanuri letu la oili chafu halilifikii. Kwa mzigo wa kilo 30 hesabu yangu ilikuwa hivi: mabomba kilo 4.5 yakinipa nikeli kilo 1.35, waya wa shaba kilo 21.3, alumini kilo 2.7, chuma kilo 1.2 na manganizi gramu 300. Chuma nilikipata kwenye waya wa kufungia nondo, ule mweusi mwembamba wa mafundi wa ujenzi, kwa kuwa ni laini, hauna kaboni nyingi wala rangi, na wembamba wake unausaidia kuyeyuka ndani ya shaba ambayo kwa kweli haipendi kupokea chuma.

Waya wa shaba tuliununua kwa wafanyabiashara wenye leseni na kwa risiti. Mwezi Januari 2022 serikali ya Kenya ilipopiga marufuku biashara ya vyuma chakavu kutokana na hujuma dhidi ya miundombinu ya umeme, karakana nyingi zilibaki bila malighafi, na hata baada ya marufuku hiyo kuondolewa sikuona sababu ya kumkaribisha mtu anayefika jioni na gunia la waya asiloweza kulieleza. Kuna sababu ya kiufundi pia. Waya usiojulikana ulikotoka huwa na ncha zilizotiwa risasi na bati kwa kuchomelewa, na risasi kidogo tu huiharibu shaba ya alumini. Tulizikata ncha zote, tukachagua waya wa mota uliochomwa vanishi mpaka ukawa safi, na vipande vya mabomba ya maji vyenye viungo vya shaba ya njano vikawekwa kando kabisa.

Kuyeyusha kulikuwa na mpangilio wake. Waya wa shaba, mabomba na waya wa nondo viliingia kwanza kwenye chungu cha grafiti kilichokwisha kupashwa moto mpaka kikawa chekundu, na moto wa tanuri ukaachwa uwe na hewa ya ziada kidogo, kwa kuwa moto wenye mafuta mengi huijaza shaba haidrojeni. Joto lilipofika karibu nyuzi 1200 na waya wa nondo ukawa umekwisha kuyeyuka, manganizi yaliingia, kisha tukapitisha nitrojeni taratibu kwa bomba la grafiti mpaka chini ya chungu ili mapovu yake yabebe haidrojeni na kuitoa. Mitungi ya nitrojeni haikuwa shida kupatikana, kwani ni ile ile inayotumiwa na mafundi wa viyoyozi kupima uvujaji. Alumini ilikuja mwisho, tanuri likiwa limezimwa, ikizamishwa kwa koleo vipande vidogo vidogo vilivyokaushwa. Hapo mtu asiyejua hushtuka: badala ya madini kupoa kwa kuongezewa kitu baridi, joto hupanda, kwa sababu shaba na alumini zikiungana hutoa joto lao wenyewe.

Mzee tunayemtegemea kwa kazi ya mchanga, ambaye amesubu shaba ya njano maisha yake yote, alisimama akakitazama chungu kwa muda.

"Mwanangu, mbona madini yako hayatoi moshi? Nitajuaje kwamba yameiva?"

Swali lake lilikuwa la haki kabisa. Zinki huchemka kwenye nyuzi 907, kwa hiyo shaba ya njano ikiiva hutoa moshi mweupe ambao fundi mzoefu huusoma bila kifaa chochote, na mvuke huo huo husaidia kuzifukuza gesi nyingine. Shaba ya alumini hutulia kimya chini ya utando mwembamba, na rangi yake hudanganya. "Mzee, haya hayana zinki," nilimwambia, "tutakitegemea kipimajoto." Tulitumia waya wa kupimia joto wa aina ya K ndani ya ala ya grafiti, tukamimina karibu na nyuzi 1150. Kabla ya kumimina tulichota madini kidogo kwenye kikombe cha majaribio. Yakiganda huku uso ukibonyea katikati, gesi imetoka. Uso ukivimba, unarudi kwenye nitrojeni.

Utando huo nilioutaja ndio ulioamua kila kitu kilichofuata. Ni oksaidi ya alumini, unajifanya papo hapo hewa inapoyagusa madini, na hauyeyuki kwa joto lolote tunaloweza kulipata. Ukikaa juu hauna neno, tena unayalinda madini. Madini yakiporomoka au kuruka, utando unakunjika, unaingia ndani, na kwa kuwa kila mkunjo una pande mbili kavu zisizoshikana, kitu kinatoka na ufa ambao jicho halitauona mpaka kikerezwe. Bushi tulizozimimina kwa njia yetu ya kila siku, yaani kutoka juu na kwa kasi, zilikuwa nzuri kwa nje. Zilipofika kwenye mashine ya kukerezea na kupakwa rangi ya kupenya, ile inayoingia kwenye nyufa na kuzionyesha, mistari myekundu ilijitokeza kuanzia ukingo mmoja hadi mwingine. Wataalamu wa usubuji, akiwemo John Campbell wa Chuo Kikuu cha Birmingham aliyeisisitiza sana hoja hii, wanaweka kikomo cha kasi ya madini yanayoingia kwenye kalibu, yaani umbo la kumiminia, kuwa kama nusu mita kwa sekunde. Kikomo hicho kinasikika kirahisi mpaka ukikihesabu: madini yanayoanguka kimo cha milimita 13 tu tayari yamekifikia, na yakianguka sentimita 15 yanafika chini kwa mita 1.7 kwa sekunde.

Kwa bushi tuliondoa kuanguka kabisa, kwa njia ya Mfaransa Pierre Gaston Durville iliyobuniwa mwanzoni mwa karne ya 20 kwa ajili ya aloi (michanganyiko ya madini) hizi hizi. Beseni la kupokelea madini na kalibu ya chuma cha pua cha kusubu huunganishwa mdomo kwa mdomo kwenye fremu moja inayozunguka. Mwanzoni beseni liko chini na kalibu iko juu yake, imepinduliwa. Madini humiminwa kwenye beseni, uso wake unakwanguliwa mpaka ung'ae, halafu fremu nzima hupinduliwa polepole mpaka kalibu iwe chini na beseni juu. Madini hayaanguki mahali popote. Yanateleza juu ya ukuta wa kalibu kama mafuta mazito kwenye sufuria iliyoinamishwa, na utando wake unabaki mzima mgongoni. Fremu yetu tuliitengeneza kwa vyuma vya U, ikazungushwa kwa winchi ya mkono yenye giaboksi, kwa sababu mkono wa mtu peke yake hauwezi kuzungusha uzito huo bila kutetemeka, na mtetemo mmoja unatosha kuupasua utando. Kalibu ilipakwa grafiti na kupashwa joto la nyuzi kama 200, zaidi kwa ajili ya kuukausha unyevu wa hewa ya pwani kuliko kwa ajili ya madini. Tulisubu magogo yasiyo na tundu, kisha tukayatoboa kwenye kerezo.

Impela haiwezi kusubiwa hivyo kwa sababu ya mapanga yake, ikabidi ibaki kwenye mchanga. Hapa Mzee alikuwa kwenye uwanja wake. Tuliacha mchanga mbichi tukatumia mchanga uliochanganywa na sodiamu siliketi na kugandishwa kwa gesi ya kabonidayoksaidi, ili kupunguza maji ndani ya kalibu. Kiolezo kilikuzwa asilimia 2 kufidia kusinyaa, ambako ni kukubwa kuliko kwa shaba ya njano: impela ya milimita 240 inahitaji kiolezo cha takriban milimita 245. Mfereji wa kushukia ulifanywa mwembamba uendao ukipungua kuelekea chini ili ujae haraka bila kuvuta hewa, madini yakapitishwa kwenye chujio la kauri, na milango ya kuingilia ikawekwa chini kabisa ya impela, jumla ya upana wake ikiwa zaidi ya mara nne ya ule wa tako la mfereji, ili kasi ishuke kabla madini hayajaingia. Kitovu ni kinene na huganda mwisho, kwa hiyo juu yake tuliweka kichwa cha kulishia, yaani akiba ya madini ya kukijazia kinapoganda, kikubwa kuliko Mzee alivyoona ni busara, tukakifunika kwa majivu ya pumba za mpunga ili kisipoe mapema. Aloi hii hugandia kwenye eneo dogo sana la joto na huacha shimo refu katikati pasipokuwa na madini ya kulijazia, na kichwa tulichokikata baadaye kilikuwa na shimo hilo lote ndani yake, nacho kitovu kikabaki kizima.

Upimaji ulianza kwa mizani na ndoo. Shaba ya alumini iliyo nzima ina uzito wa kama gramu 7.6 kwa kila sentimita ya ujazo, kwa hiyo tulikipima kila kipande hewani na kikiwa kimening'inizwa ndani ya maji, na kilichopungukiwa tulikirudisha kwenye chungu bila mabishano. Vipande vya kuchunguzwa zaidi vilipelekwa kwenye maabara iliyo na spektromita, kifaa cha kupima kiasi cha kila madini, na mashine ya kupima ugumu. Alumini ilikuwa karibu na lengo, nikeli ilibaki juu ya chuma, na ugumu ulikuwa kwenye miaka ya 150 kwa kipimo cha Brinell, kama inavyotarajiwa kwa gredi hiyo. Impela tulizipasha tena kwa nyuzi 675 kwa saa sita na kuziacha zipoe hewani, hatua inayofanywa kwa vitu vya baharini ili kupunguza uwezekano wa kuliwa na chumvi, na tanuri tulilotumia lilikuwa la umeme, la mtu anayechoma vyungu vya udongo, kwani lina udhibiti wa joto ulio bora kuliko wetu. Kwenye kerezo ilibidi kuachana na ncha za chuma cha kawaida na kutumia za kabidi, na bei ya ukerezaji ikapanda kwa sababu hiyo. Nililiweka wazi kwa mteja kabla ya kuanza.

Milango, vichwa na mifereji iliyokatwa hurudi kwenye chungu, lakini tumeweka kanuni kwamba visizidi nusu ya mzigo, na kila kipande kisuguliwe kwa brashi ya waya kwanza, kwa sababu utando wa oksaidi ukikaa kwenye mabaki huingia nayo chunguni tena na tena, na hakuna chujio litakaloukamata wote. Pipa la mabaki hayo limepakwa rangi ya buluu na linakaa mbali na lile la shaba ya njano. Kipande kimoja cha bomba la maji kikiangukia humo, risasi yake itaonekana kwenye impela ya mteja wa mwezi ujao.