Wakate Humohumo

Mwaka 2009, wakati nusu ya mtaa wetu pale Tanga ilikuwa "ikipanda mbegu" DECI, ule upatu wa kuweka hela na kusubiri kuvuna zaidi, mjomba wangu alikataa hadharani. Alikuwa mwalimu wa hesabu shule ya msingi, na kila aliyemshawishi alimuuliza swali moja tu: anayevuna leo analipwa na nani, kama si na hela ya aliyepanda jana? Wapo waliomnunia. Mwaka huohuo serikali ikaifunga DECI, na mwaka 2013 viongozi wake wakatiwa hatiani Mahakama ya Kisutu. Mjomba hakumcheka mtu. Alisema tu kwamba hesabu haina upendeleo.

Kwa hiyo mkewe aliponipigia simu mwaka 2022, akisema mzee ameweka hela zake za kustaafu kwenye biashara ya dhahabu ya mtandaoni na sasa zimekwama, kwanza nilidhani anamzungumzia mtu mwingine. Naisimulia habari hii kwa sababu nimechoka kusikia kwamba wanaotapeliwa ni wajinga au wenye tamaa. Mjomba si mjinga. Tamaa yake ilikuwa kumalizia chumba cha uani na kumlipia mjukuu ada ya chuo.

Nilifika Jumamosi mchana. Nilimkuta barazani, miwani imeshuka puani, simu ameiegemeza kwenye chupa ya chai.

"Shikamoo mjomba."

"Marahaba, mpwa wangu. Karibu ukae, uone mwenyewe."

Kwenye skrini kulikuwa na ile grafu ya mishumaa ya kijani na myekundu, vijiti vinavyoonyesha bei ikipanda na kushuka, na juu yake salio: dola 14,860. Yeye alikuwa ameweka shilingi milioni 9 na laki 2, kidogo kidogo, kutoka kwenye mkupuo wake. Pembeni kulikuwa na daftari la mistari, kama yale aliyokuwa akiandikia maandalio ya masomo. Kila ununuzi aliuandika: tarehe, saa, bei ya kuingia, bei ya kutokea, faida. Mwandiko ule ule mzuri wa ubaoni. Nilifungua kurasa zile nikatafuta wiki ya hasara. Haikuwepo hata moja.

Daftari lile ndilo lililonionyesha kwa nini DECI haikumpata na hawa walimpata. DECI walimtaka aamini na kusubiri. Hawa walimpa kazi ya kufanya. Aliingizwa kwenye kundi la WhatsApp lililoitwa darasa, akafundishwa kusoma mishumaa, akapewa mazoezi ya nyumbani, na "mwalimu" wa darasa akawa anamsifu kwa jina mbele ya wanakundi. Mwalimu mstaafu aliyekaa nyumbani bila daftari la kusahihisha alipata tena darasa. Na mwezi wa kwanza alijaribu kutoa shilingi laki moja na nusu, zikaingia kwenye simu siku hiyohiyo. Tangu hapo kila aliyehoji alijibiwa kwa ile laki moja na nusu.

Nilimwomba nione meseji za miamala. Laki moja na nusu ilikuwa imetoka kwenye laini ya mtu binafsi, jina la mwanamke. Hela alizotuma yeye zilikuwa zimekwenda kwa majina mengine, karibu kila mara jina jipya, wala hakuna mahali jina la kampuni lilipotokea. Kampuni inayojitangaza kwamba ina makao yake London inapokea hela za wateja kwenye laini za simu za watu wa mitaani kwetu! Nilimuuliza kwa upole. Akasema alishawauliza, wakamjibu kwamba hao ni mawakala wao wa Afrika Mashariki.

Wakati ananieleza hayo, salio likabadilika mbele ya macho yetu. 14,863. 14,868. 14,871. Mshumaa wa kijani ukawa unarefuka.

"Unaona?" akasema. "Dhahabu inapanda."

Mimi nilifanya kazi miaka kadhaa kwenye duka la kubadilishia fedha Arusha, kabla ya maduka mengi ya aina ile kufungwa mwaka 2018 na 2019. Aliyekaa dirisha lile hasahau jambo moja: mwisho wa wiki soko la dunia limelala. Biashara ya fedha za kigeni na ya dhahabu hufungwa Ijumaa jioni kwa saa za New York, ambayo kwetu ni usiku wa kuamkia Jumamosi, na haifunguliwi hadi usiku wa kuamkia Jumatatu. Jumamosi tulikuwa tukiuza na kununua kwa bei ya Ijumaa kwa sababu hapakuwa na bei nyingine.

"Mjomba, leo si Jumamosi?"

"Jumamosi, ndiyo."

Nikatoa simu yangu, nikatafuta bei ya dhahabu, nikaiweka kando ya yake. Kwangu bei ilikuwa imesimama pale ilipofungia Ijumaa, haitikisiki. Kwake ilikuwa inapanda. Tulikaa tukizitazama simu mbili kwa muda mrefu. Kwake ikapanda tena.

"Labda hawa wana soko lao," akasema hatimaye.

Sikumjibu kwamba ametapeliwa. Mjomba ndiye aliyenifundisha kugawanya, na neno lile likitoka kwa mpwa lingemfunga kabla sijamaliza. Nilimwambia tu, tuangalie leseni yao pamoja.

Leseni aliyotumiwa ilikuwa picha yenye muhuri, jina la kampuni na namba ya usajili ya Mamlaka ya Usimamizi wa Fedha ya Uingereza, ile FCA. Mjomba alikuwa ameiingiza namba ile kwenye daftari la FCA la mtandaoni yeye mwenyewe, na kampuni ikatokea, halali kabisa. Hapo aliridhika, na hapo ndipo watu makini wengi huishia. Tulirudi kwenye ukurasa uleule, tukashuka chini hadi kwenye anwani. Tovuti iliyoandikwa pale haikuwa ile aliyokuwa akiitumia. Ilitofautiana kwa neno moja lililochomekwa katikati. Namba ya simu haikufanana, barua pepe haikufanana. Matapeli walichukua jina na namba ya kampuni ya kweli, wakajivika. FCA wenyewe wana orodha ya onyo kwa umma, na humo makampuni bandia ya aina hii yamejaa.

Tukafungua tovuti zote mbili, moja simu hii na nyingine simu ile. Ya kweli ilikuwa na onyo mwanzoni kabisa, maandishi yasiyokwepeka, yakisema ni asilimia ngapi ya wateja wake wadogo wanaopoteza hela. Ni sharti la kisheria. Mwaka 2018 wasimamizi wa masoko wa Ulaya walitangaza kwamba kati ya asilimia 74 na 89 ya akaunti za wateja wa kawaida katika biashara hii huishia kwenye hasara, wakalazimisha kila broka, yaani kampuni inayomfanyia mteja biashara hiyo, aliandike hilo waziwazi. Wakapiga marufuku na bonasi za kuvutia wateja, na kwenye dhahabu wakaweka kikomo: kwa mkopo wa broka, mteja wa kawaida asifanye biashara inayozidi mara 20 ya hela aliyoweka. Tovuti ya mjomba haikuwa na onyo lolote. Ilimpa bonasi ya asilimia 30 na mkopo wa mara 500, na kwenye masharti ya bonasi ile, kwa maandishi madogo, iliandikwa kwamba aliyeipokea hawezi kutoa hela mpaka afikishe kiwango fulani cha biashara. Chini kabisa, kwa rangi ya kijivu juu ya nyeupe, ilisema imesajiliwa Saint Vincent na Grenadini, visiwa ambavyo mamlaka yake ya fedha imeshatangaza hadharani kwamba haitoi leseni ya foreksi, yaani biashara ya fedha za kigeni, kwa yeyote. Leseni ya London juu, usajili wa Saint Vincent chini, ukurasa mmoja.

Walijigamba pia kwamba wana ofisi Nairobi. Kenya ina kanuni za mabroka wa foreksi wa mtandaoni tangu 2017, na Mamlaka ya Masoko ya Mitaji ya huko huweka majina ya wenye leseni mtandaoni, yeyote anaweza kuyasoma. Hawakuwemo. Tovuti yenyewe, iliyoandika "tangu 2009", ilikuwa imesajiliwa miezi michache tu kabla ya mjomba kujiunga. Hilo nalo linaangaliwa bure.

Mjomba alivua miwani akaifuta kwa shati. Kisha akaniambia jambo ambalo mkewe hakuwa analijua: wiki ile alikuwa ameomba kutoa dola zote, wakamwambia alipe kwanza kodi ya asilimia 15, dola 2,229, zaidi ya shilingi milioni 5. Milioni 5 hakuwa nazo. Alikuwa amepanga kuuza ng'ombe na kukopa iliyobaki.

"Mjomba, riba yako ya benki inakatwa kodi?"

"Inakatwa. Asilimia 10."

"Unaipelekea benki hela ya kodi ndipo wakupe riba?"

"Hapana. Wanakata humohumo, wananipa inayobaki."

Akanyamaza. Halafu, bila mimi kumwambia, akachukua simu akamwandikia yule aliyejiita meneja wa akaunti yake: wakate kodi humohumo kwenye salio, wamtumie inayobaki. Jibu lilikuja haraka, kwa Kiswahili laini sana. "Mzee wangu, kanuni za kimataifa za utakatishaji fedha haziruhusu. Ukilipa kabla ya saa 12 jioni hela zako zinaingia ndani ya dakika 30. Ukichelewa akaunti inafungwa na hatutaweza kukusaidia."

Alilisoma jibu lile mara kadhaa. Mwalimu wa hesabu akaanza kurudi usoni pake, niliona. Akaandika tena, polepole, kwa kidole kimoja: basi chukueni karibu nusu nzima. Dola 7,000 ziwe zenu, mimi nipeni zilizobaki, na sitadai.

Meneja akakataa. Mfumo hauruhusu, akasema, lipa kodi.

Mjomba akaiweka simu chini kifudifudi. "Mtu anayetaka 2,229," akasema, "nampa 7,000, anakataa. Hana." Akakaa kidogo. "Hana, mpwa wangu. Hakuna hela humo."

Ile ndiyo hesabu iliyomaliza kazi. Leseni bandia ilimtia shaka, soko la Jumamosi lilimtia shaka, lakini kila shaka ilikuwa na jibu. Hii haikuwa na jibu. Hata hivyo sikuwa tayari kwa kilichofuata. Milioni 9 alizoweka aliziacha mapema kuliko nilivyofikiri. Zilizomliza ni zile dola 14,871. Alishazipangia kazi. Alikuwa amezihesabu usiku, mabati, saruji, ada ya mjukuu, na moyoni mwake zilikuwa hela kama hela nyingine. Ilibidi nimweleze kwamba hazikuwahi kuwepo hata siku moja, kwamba hapakuwa na dhahabu iliyonunuliwa wala iliyouzwa, kwamba upande wa pili kulikuwa na mtu anayeandika tarakimu kama mtu anavyoandika ubaoni, na daftari lake zima aliyekuwa ananakili ni yeye. Ni maneno magumu kumwambia mtu mzima aliyeandika kila mstari kwa uaminifu. Nina hasira na watu wale hadi leo, na zaidi kwa daftari kuliko kwa hela.

Jioni ile tulimwambia mkewe. Alilia, kisha akauliza kama ng'ombe wapo. Wapo. Akaenda kupika.

Jumatatu tulikwenda polisi na daftari, picha za mazungumzo yote, namba za simu na majina yaliyotokea kwenye meseji za miamala. Nilimzuia mjomba asifute chochote na asiwatukane, kwa sababu akishawatukana wanamfungia na ushahidi unapotea. Nikamwambia pia kwamba atapigiwa simu na mtu atakayejiita wakili au afisa wa kurejesha hela, atakayetaka ada kidogo ya kufungulia jalada. Majina ya waliokwisha kuibiwa huuzwa. Simu ilikuja kabla mwezi haujaisha, na aliyepiga alikijua kiasi alichopoteza hadi senti. Mjomba aliikata.

Lililomnyima usingizi lilikuwa jingine. Alikuwa amewaingiza wastaafu wenzake wawili kwenye darasa lile. Nilimwambia nitawapigia mimi, akakataa. Alisema amewapeleka kwa miguu yake na atawatoa kwa miguu yake. Tukatoka polisi moja kwa moja hadi kwa wa kwanza, ambaye alikuwa ameweka laki tatu tu, alisikiliza, akashukuru. Wa pili hatukumkuta. Mkewe alisema amekwenda SACCOS ya walimu kuchukua mkopo, milioni 4, wa kulipia kodi.

Tulimkuta kwenye benchi, fomu imejazwa, anasubiri wadhamini. Hakutaka kusikia. Alisema mjomba ameshindwa somo ndiyo maana anawavunja moyo wenzake. Mjomba hakubishana naye. Alimwomba tu, kwa heshima ya miaka waliyofundisha pamoja, amwandikie meneja wake palepale: chukueni nusu nzima, mnipe iliyobaki. Yule mzee aliandika, kwa kumkomesha. Jibu lilipoingia akalisoma, akampa mjomba alisome. Lilikuwa neno kwa neno lile la Jumamosi, pamoja na "mzee wangu" na saa 12 jioni.

Akasimama, akaenda dirishani kumwambia afisa mikopo kwamba haihitaji tena fomu ile.