Marrakech mpaka Essaouira, kumfuata Tayeb Saddiki

Casablanca nilipita tu. Nilitaka kuona ukumbi wa michezo wa manispaa ambao Tayeb Saddiki, gwiji wa tamthilia wa Moroko, aliuongoza kuanzia miaka ya 60, ila ulishabomolewa tangu 1984. Pale ndo walipopikwa vijana walioigiza kwenye michezo yake kabla hawajaunda kundi la muziki la Nass el Ghiwane, na leo hakuna cha kuona. Iliniuma, nikapanda treni kwenda Marrakech.

Sasa Marrakech ndo penyewe. Jioni, uwanja wa Jemaa el-Fna, moshi wa nyama kila upande, nimesimama kwenye duara la watu, mzee mmoja kavaa jelaba anasimulia kwa Kiarabu cha kwao ambacho hata uwe umemaliza madrasa huambulii kitu. Ana fimbo, anachora chini, ghafla anamnyooshea mtoto wa mbele mpaka mtoto anarudi nyuma na kumshika mamake. Sielewi neno hata moja na kuondoka siwezi! Kijana akanisogelea, kaka nikutafsirie, nikasema haya. Kumbe kuna mjane, kuna punda kaibwa, kuna kadhi mla rushwa, na pale kadhi anapofungua mdomo atoe hukumu mzee akanyamaza, akavua kofia, akaanza kuzunguka nayo. Watu wanatoa sarafu, nami nikatoa dirhamu 10, hukumu ikatoka, uwanja mzima kicheko.

Halafu kijana akadai dirhamu 200. Mia mbili! Za nini? Chakula cha siku nzima unapata na chenji inabaki. Tulibishana mpaka watu wakamwacha mzee wakawa wanatuangalia sisi, nikatoa 50 nikaondoka nimevimba.

Ila usiku ule ndo nilimwelewa Saddiki vizuri. Huyu mtu alikuwa mwandishi, muongozaji na muigizaji, vyote yeye, alienda Ufaransa akajifunza kwa muongozaji wa tamthilia Jean Vilar, na angeweza kubaki na michezo ya Mfaransa Molière maisha yake yote. Badala yake akauchukua uwanja huuhuu akaupandisha jukwaani. Mchezo wake kuhusu Sidi Abderrahman al-Majdoub, mshairi wa kisufi wa karne ya 16 ambaye beti zake Wamoroko wanazo mdomoni mpaka leo, unaanzia hapa Jemaa el-Fna kwenye duara la wasimuliaji. Mwaka 1971 akaja na mchezo uliotokana na Maqamat za al-Hamadhani, kitabu cha visa vya Kiarabu cha miaka elfu moja, na mhusika wake Abu al-Fath anazunguka mji hadi mji akijigeuza sura, anawalainisha watu kwa maneno mpaka wanatoa hela. Na mimi ndo nimetoka kulainishwa! Saddiki aliona kwamba yule mzee mwenye fimbo tayari ni tamthilia kamili, haina haja ya pazia.

Basi la Essaouira ni kama saa tatu, kiyoyozi kibovu, na begi unalipia pembeni. Huu ndo mji alikozaliwa, wakati huo unaitwa Mogador. Upepo wake usipime, mchanga unaingia mpaka kwenye chai, chumba ghali na shuka zina unyevunyevu. Samaki wa bandarini tu ndo hawakuniangusha.

Kule juu kwenye ngome yenye mizinga nikawa nawaza nyumbani Tanzania. Saddiki alifariki Februari 2016, na mwaka huohuo sisi tulimpoteza Edwin Semzaba, naye mwandishi na mtu wa jukwaani. Tamthilia yake ya Ngoswe tumeisoma sekondari, tumeijibia mitihani, lakini waulize watu nani ameiona ikichezwa, utapata wachache mno, na hili linanikera kweli. Bibi zetu walitamba hadithi na uani pote tukaitikia, utamu wote tunao sisi. Bagamoyo kuna chuo kizima cha sanaa, wahitimu wanatoka kila mwaka. Waende Mnazi Mmoja jioni watu wanapotoka kazini, waanze mchezo hapohapo chini bila jukwaa, watu watasimama tu, nawajua watu wetu.