Ufuta wa Bibi kwenye Sahani ya Baba

Baba aliisukuma sahani kwa kidole kimoja, taratibu, mpaka ikagusa jagi la maji katikati ya meza. Hakusema neno. Ilikuwa saladi iliyokatwakatwa na nyanya na vitunguu, imekamuliwa limau na basi, maana kliniki walikuwa wamempunguzia chumvi na kumkataza mafuta ya nyama. Siku ya nne mfululizo. Mama akaichukua ile sahani akaenda nayo jikoni, na mimi nikamfuata kwa sababu sikuweza kukaa pale mezani na baba peke yetu.

Huo ulikuwa mwezi wa nane mwaka 2011, nyumbani kwetu Rau, Moshi. Nilikuwa nimemaliza kidato cha sita Februari, nasubiri kwenda chuo, kwa hiyo kila kitu cha ugonjwa wa baba nilikiona kwa macho yangu. Presha ilimkamata ghafla. Alikuwa dereva wa malori karibu miaka thelathini, mtu wa supu ya kongoro asubuhi na nyama choma jioni, na mtori wa kwake lazima uwe na mifupa. Mboga ya majani hakuikataa moja kwa moja. Mnavu alikula, lakini ule uliotiwa chumvi ya kutosha na mafuta yakaelea juu. Tulipojaribu kumpa mnavu bila chumvi alisema una ladha ya maji ya mfongo, yaani ya mfereji wa shambani. Ndipo mama akajaribu majani mabichi, akidhani limau litasaidia. Halikusaidia. Alikuwa anapungua, na sisi tulikuwa tunamwogopa na tunamhurumia kwa wakati mmoja.

Jikoni mama alisimama muda mrefu ameishika ile sahani. Halafu akaniambia, "Kesho ukitoka kanisani usipite popote. Njoo unisaidie ufuta."

Ni lazima niseme kuhusu huo ufuta. Mama yangu ni Mmakua wa Masasi. Baba alimpata huko alipopelekwa na lori kubeba korosho, akamwoa mwaka 1988, akamleta huku mlimani. Tangu siku hiyo alipika chakula cha huku. Mtori, machalari, kiburu, vyote alifundishwa na mama mkwe wake, na akavipika vizuri kuliko mashangazi zangu, nasema hivyo bila kumpendelea. Cha kwao kilichobaki jikoni kilikuwa debe moja dogo juu ya kabati. Kila mwaka baada ya mavuno bibi alimtumia ufuta, umeshonewa kwenye foronya. Zamani, kabla daraja la Mkapa halijafunguliwa mwaka 2003, mzigo ulikuwa unavuka Rufiji kwa pantoni, na mvua zikiwa kubwa ulichelewa hata wiki. Sisi watoto tulitengenezewa kashata. Baba hakuwahi kuugusa. Hakuusema vibaya, ila hakuuliza hata mara moja unaliwaje.

Mwaka ule mjomba alikuwa ameuleta mwenyewe siku tatu kabla, kama kilo nne hivi, mpya kabisa. Jumamosi ile ile usiku mama alipima bakuli mbili akaupeta kwenye ungo, akauosha. Ufuta unaoshwa kama mchele wenye mchanga: unautia maji mengi, unauzungusha kwa mkono, unauhamisha kidogo kidogo kwenye chombo kingine, na mchanga unabaki chini. Alirudia mara tatu. Asubuhi kabla ya ibada akauanika juu ya kitambaa, na ingawa Agosti ya Moshi ni ya mawingu na mlima hauonekani siku nzima, hadi saa saba ulikuwa umekauka.

Tulikuwa na blenda, lakini huo ulikuwa mwaka wa mgao na umeme ulishakatika tangu saa tano. Mama akatoa kinu kidogo, kile cha kutwangia vitunguu saumu na tangawizi.

Nilipewa kazi ya kukaanga, na niliiharibu. Mkaa ulikuwa mkali, nikaacha kukoroga kidogo tu nigeuke kumjibu mdogo wangu, na harufu ikabadilika. Mama aliisikia akiwa nje. Alichukua punje chache akatafuna, akatema. "Uchungu huo hautoki," akasema, na ufuta wote wa kwanza ukaenda kwa kuku. Bakuli nzima, kutoka Masasi mpaka bandani. Nilijisikia vibaya kiasi kwamba nilitaka kumwachia, lakini akanirudishia mwiko mkononi.

Mara ya pili alifunika makaa kwa majivu. Akaniambia nisitazame rangi kwanza, nisikilize. Kwa dakika kadhaa hakuna kitu. Halafu punje zikaanza kuvimba, zikawa nono, na moja moja zikaruka kutoka kwenye kikaango kwa mlio mdogo mkavu, kama manyunyu yanapoanza kugonga jani la mgomba. Hapo ndipo rangi inakuja, kahawia hafifu ya ganda la karanga, na harufu inajaa nyumba. Unautoa papo hapo na kuumwaga kwenye ungo, kwa sababu kikaango cha chuma kinaendelea kuukaanga hata ukikitoa jikoni. Tukauacha upoe kidogo, si sana.

Kutwanga kulichukua zaidi ya nusu saa, tukipokezana. Mwanzoni ni unga tu, mkavu, unarukaruka. Baadaye unaanza kushikana kwenye kuta za kinu na lazima uukwangue kwa kijiko. Nilikuwa nimekata tamaa ndipo mchi ukaanza kung'aa. Karibu nusu ya uzito wa ufuta ni mafuta, na mafuta hayo hayaonekani mpaka punje zipondeke kabisa. Sauti nayo ikabadilika, ikawa nzito, na kile kilichokuwa unga kikaanza kuteremka chenyewe kutoka ubavuni mwa kinu kama asali ya baridi. Mama akatia punje tatu za kitunguu saumu na chumvi ya kushika kwa vidole viwili. Kiasi hicho tu, akaniambia, na akanionyesha vidole vyake ili nishuhudie.

Halafu akakamua limau, na nikaona kazi yetu ikiharibika. Lile rojo laini liligeuka ghafla kuwa bonge, gumu, lenye rangi ya udongo. Nilisema, "Mama, limeganda." Yeye hakushtuka. Alitia kijiko cha maji, akakoroga. Bonge likazidi kuwa gumu. Kijiko kingine. Kingine tena. Nadhani kilikuwa cha sita au cha saba ndipo lilipolegea, na lilipolegea lilibadilika rangi mbele ya macho yangu, kutoka kahawia kwenda nyeupe ya maziwa ya mgando, laini, linateleza kwenye kijiko. Siku hizi naelewa kilichotokea: chembe za ufuta uliosagwa hunywa maji ya kwanza na kushikana, na mpaka maji yawe ya kutosha ndipo mafuta yanapotawanyika ndani yake. Wengi hutupa pale kwenye bonge. Waarabu wanaotengeneza tahini, rojo lao la ufuta, wanajua hilo vizuri, na nilipokuja kuonja tahini ya limau na saumu Arusha miaka mingi baadaye, ilinibidi niweke kijiko chini kwanza. Ilikuwa ile ile. Mama hakuwahi kulisikia hilo jina. Mwisho alitia asali, nusu kijiko cha chai.

Kuhusu majani pia mama alikuwa na lake la kusema. Kosa la siku zile nne, alisema, lilikuwa maji. Safari hii saladi aliyoinunua sokoni Mbuyuni aliichambua jani moja moja, akaiosha, akaifunga kwenye kanga kuukuu, akatoka nje akaizungusha kwa nguvu kama mtu anayefukuza ndege shambani, matone yakiruka mpaka kwenye ukuta. Jani lenye maji halishiki rojo, linateleza lote chini ya bakuli. Hakukata kwa kisu. Alichana kwa mikono, akaongeza majani machanga ya spinachi na nusu parachichi, akamwagia vijiko vinne vya ufuta na kuchanganya kwa vidole mpaka kila jani likapakwa pande zote mbili. Juu akanyunyiza punje nzima alizokuwa amebakiza.

Baba alitazama bakuli kwa muda. Nadhani harufu ndiyo iliyomfanya achukue uma. Alitafuna jani la kwanza polepole sana. Mama alikuwa amekaa mbele yake, hana sahani, mikono imelala mezani na bado ina weupe wa rojo kwenye kucha.

"Hii umetia nini?"

"Ufuta."

"Ule wa kwenye debe?"

"Huo huo. Mama ametuma mpya."

Akala jani la pili. Sikumtazama tena usoni, nilitazama uma unavyokwenda na kurudi. Hakuna aliyeongea mezani mpaka bakuli lilipobaki tupu, na nakumbuka nilisikia mifupa ya taya yake ikitafuna zile punje za juu. Alipomaliza aliuliza kama kinu kimeshaoshwa. Hakikuwa kimeoshwa. Akaomba akiletewe, akachukua jani lililobaki jikoni, akafuta nalo ndani ya kinu mpaka chini kabisa, akalila.

Halafu akafanya jambo ambalo sikulitarajia. Akaomba simu, akampigia mjomba aliyekuwa njiani kurudi, akaomba namba ya jirani wa bibi kule Masasi. Ilichukua muda kumpata bibi. Baba alisimama wima alipomwamkia, kama vile anamwona. "Shikamoo, mama. Nimekula ufuta wako leo." Sikusikia bibi alichosema, lakini baba alisikiliza kwa muda mrefu, akiitikia "ndiyo, mama," "ndiyo." Alipokata simu akamgeukia mama.

"Anasema mmetia limau."

"Tumetia."

"Anasema kwenu mnatia ukwaju. Limau ni la hukuhuku."

Mama alinyamaza kwanza. "Ni kweli," akasema. "Kwetu ni ukwaju. Nilidhani hutaupenda."

Kesho yake, Jumatatu, baba aliondoka nyumbani asubuhi kwa miguu bila kumwambia mtu. Ilikuwa mara ya kwanza kutoka getini tangu atoke kliniki, na mama alisimama mlangoni mara mbili tatu kuangalia barabarani. Alirudi karibu saa sita, amechoka, jasho kwenye kola. Alikuwa amefika Mbuyuni. Akaweka mezani mafungu matatu ya saladi na ukwaju uliofungwa kwenye gazeti, akavuta kiti akakaa jikoni, mahali ambapo sikuwahi kumwona amekaa, akamwuliza mama kama ukwaju unalowekwa kwa maji ya moto au ya baridi.

"Ya moto," mama akasema. "Subiri nikuonyeshe."