Amri za Shuleni

"Baba, mbona amri za shuleni si sawa na zetu?"

Kitinda mimba wetu aliniuliza hivyo juzi, begi likiwa bado mgongoni. Tangu Texas ipitishe ile sheria ya 2025, darasani kwao kuna bango la Amri Kumi, inchi 16 kwa 20. Yeye anajiandaa kwa kipaimara, kila jioni tunasoma naye Katekisimo Ndogo ya Luther, na humo hakuna amri ya peke yake inayokataza sanamu za kuchonga. Bangoni ipo. Nilimwambia avue viatu, ale kwanza. Mimi nikabaki jikoni na sufuria mkononi, mawazo yamekwenda Dayton, mji mdogo wa Tennessee.

Ilikuwa Julai 2009. Mzee aliyenipangisha chumba kule Chattanooga aliniambia niingie kwenye gari, kuna mahali anataka nipaone. Safari haikufika saa moja. Tukaingia Mahakama ya Kaunti ya Rhea, tukapanda ghorofani, tukaona viti vya mbao, tukashuka.

Hapo ndipo aliposhtakiwa John Scopes mwaka 1925, mwalimu wa miaka 24, kwa kosa la kufundisha kwamba binadamu ametokana na viumbe vya chini yake. Tennessee ilikuwa imelipiga marufuku somo hilo Machi mwaka huohuo. Akatozwa faini ya dola 100. Mwaka 1927 mahakama ya juu ilitengua hukumu kwa dosari ya utaratibu tu, sheria yenyewe ikaachwa mpaka ilipofutwa 1967.

Tulikaa kwenye nyasi nje ya mahakama. Kesi iliwahi kuhamishiwa hapo nje kwa sababu ya joto, na hapo Clarence Darrow, wakili wa Scopes, akamhoji William Jennings Bryan wa upande wa mashtaka juu ya Biblia mbele ya umati. Siku tano baada ya hukumu, Bryan akafariki mjini humohumo. Siku tuliyokaa pale, sanamu ya Bryan ilikuwa imesimama karibu nasi. Ya Darrow ililetwa baadaye, 2017.

Mzee alivua kofia, akaiweka gotini.

"Nilikuwa na miaka 15," alisema. "Mwalimu wetu wa baiolojia alifika kwenye sura ile, akafunga kitabu. Akatuambia, hapa sheria imenikataza, fungueni inayofuata. Mkono wake ulikuwa unatetemeka. Alikuwa mama wa kanisani kwetu, mwanangu. Aliipenda Biblia kuliko sisi sote, na bado mkono ulikuwa unatetemeka."

Nilimweleza ya kwetu. Shule ya msingi tulisoma zamadamu, tukachora fuvu la Zinjanthropus ambalo Mary Leakey aliliona Olduvai mwaka 1959, na wiki hiyohiyo tukaingia kipindi cha dini, tukasoma Mwanzo sura ya kwanza. Baba yangu alikuwa mwinjilisti. Alilitazama lile fuvu kwenye daftari langu, akaniambia nimelichora vizuri, meno tu niyarudie.

Kisha nikamwambia lililokuwa limenikaa moyoni. Wiki iliyotangulia nilikuwa nimekisoma maktabani kitabu kilichozua kesi ile, Civic Biology cha George Hunter. Kinawagawa wanadamu katika rangi tano, na cha juu kuliko wote kinawaweka weupe wa Ulaya na Marekani. Sheria ya Tennessee ilikataza watoto wasiambiwe binadamu alitoka wapi. Ule mpangilio wa rangi haikuugusa. Mtoto angeweza kurukishwa habari ya asili yake, akaachiwa ukurasa unaomwambia yeye ni bora kuliko mimi.

Mzee hakujibu upesi. Aliizungusha kofia taratibu, akishika ukingo kwa vidole viwili, mzunguko mzima, kisha akaanza tena. Lori likapita barabarani. Jua lilikuwa limetufikia miguuni na hakuna aliyesogea.

"Hilo hatukuambiwa na upande wowote," alisema mwishowe.

Akasimama, akaniinua kwa mkono, tukarudi Chattanooga bila redio.

Jioni ya juzi binti yangu aliandika amri za bangoni upande mmoja wa daftari na za katekisimo upande wa pili. Akaniuliza akariri zipi. Nilitaka kumsimulia Philadelphia ya 1844, jinsi makanisa ya Wakatoliki yalivyochomwa moto, na ugomvi wa Biblia ipi isomwe shuleni ukiwa miongoni mwa vyanzo vyake. Nilimwona bado mdogo. Nikamwambia akariri za kwetu.

"Na mwalimu akiniuliza zile za ukutani?"

Nilivuta kiti nikaketi karibu yake. Alipolala nilikuwa bado sijampa jibu, na lile daftari liko wazi mezani mpaka sasa ninapoandika.