Rod Serling hakuwahi kuvua gwanda

Wiki hii nimerudi tena kwa Rod Serling, yule mwandishi wa tivii na filamu wa Kimarekani, na kila nikimrudia naona watu wanamkumbuka kwa maajabu ya The Twilight Zone tu, ile tamthilia yake ya tivii, viumbe wa sayari zingine na nini, wakati mi nikiangalia kazi zake namuona askari. Kijana wa Kiyahudi toka Binghamton, New York, kamaliza sekondari kaenda jeshini hapo hapo, kaingia kwa wale wa kuruka na parachuti, rejimenti ya 511, wakapelekwa Ufilipino kupigana na Wajapani kwenye Vita ya Pili ya Dunia. Kule Leyte rafiki yake aliuawa mbele ya macho yake, tena sio na risasi, ni sanduku la chakula lililodondoshwa na ndege yao wenyewe. Yaani umewakwepa maadui wote halafu unauawa na chakula chako! Mi naamini kabisa mwandishi alizaliwa pale, maana lile swali la kwa nini huyu na sio yule halikumuacha tena.

Inayonitoa machozi ni A Quality of Mercy ya 1961, kipindi kimoja cha The Twilight Zone. Luteni kijana wa Kimarekani ndo kwanza kafika, vita inaisha, yeye anang'ang'ania kuwavamia Wajapani wagonjwa na majeruhi waliojibanza pangoni, sajenti wake amechoka kuua lakini luteni hasikii la mtu, ghafla anajikuta yeye ndo luteni wa Kijapani, ni 1942 kule Corregidor, kisiwa cha Ufilipino, na walioko pangoni ni Wamarekani. Na aliyeandika hivyo alipigana na hao hao Wajapani akarudi na goti bovu, kwa kweli sijui moyo wa namna hiyo mtu anautoa wapi.

Kuandika kuhusu jamii yake mwenyewe ya Marekani, hapo alibanwa sana. 1956 alitaka kuandika tamthilia ya tivii kutokana na mauaji ya Emmett Till, mtoto mweusi wa miaka 14 aliyeuawa na wazungu kusini mwa Marekani, wadhamini wakaogopa, wakaikatakata mpaka hadithi ikahamishiwa New England, huko kaskazini mashariki, na aliyeuawa hakuwa mweusi tena. Ndo akaona bora apitie kwenye maajabu, huko hawakumshtukia.

Halafu kuna Seven Days in May ya 1964, filamu aliyoiandikia muswada, majenerali wanapanga kumpindua rais wa Marekani kisa mkataba wa silaha za nyuklia na Wasovieti. Anayewafichua ni kanali, na kanali mwenyewe huo mkataba haupendi! Anaenda kumwambia rais kwa sababu aliapa kulinda katiba, basi. Wanajeshi wa hivi hatuwaoni sana kwenye filamu, tunaletewa shujaa au katili, na mi nadhani kanali huyu alihitaji kuandikwa na mtu aliyewahi kupokea amri.

Vita ya Vietnam aliipinga waziwazi, na aliiona ikiisha Aprili 1975. Juni mwaka huo huo moyo ukamshinda, akiwa na miaka 50 tu.